Kuta Tatu za Nyumba Yetu

Kazi niliyoifanya karibu maisha yangu yote ilikuwa kuzeesha vitu. Watu wakiniuliza hapa Toongabbie, kitongoji cha Sydney, nilikuwa nikifanya nini Roma, huwajibu kwamba nilikuwa kwenye sinema, na papo hapo naona macho yao yakinikagua, yakitafuta urembo uliopita. Basi huwaeleza upesi tusipotezeane wakati. Sikusimama mbele ya kamera hata siku moja. Mimi ndiye niliyepewa shati jipya asubuhi na kulirudisha jioni likionekana limevaliwa miaka kumi na mtu mwenye shida. Nilizeesha mapazia, magodoro, mikoba, milango na kuta za jikoni. Ukuta wa jikoni ndio mgumu kuliko vyote, kwa sababu mafuta ya kukaangia hayarukii ukutani ovyo ovyo. Yanafuata pale mpishi anaposimama, na kama hujui mpishi wako ni mfupi au mrefu, umekwama.

Nilianzia Malindi, kwa shangazi yangu aliyekuwa akishona mito na mapazia ya hoteli za Wataliano. Kitaliano nilikipata kwa kupima madirisha yao. Malindi hilo si jambo la kujivunia, hata wauza machungwa wanakizungumza. Mwaka mmoja likaja kundi la watu wa sinema wakitaka vyandarua vikuukuu, na shangazi alikuwa na vipya tu. Nikavichemsha kwenye chai ya rangi, nikavianika juu ya mabati, nikavipitishia jivu kidogo pembeni. Msanifu wao, yaani mtu anayeamua kila chumba kitaonekanaje kwenye picha, alikuwa Mtaliano mrefu mwenye suruali iliyojaa madoa ya rangi. Alivishika, akavinusa, akauliza vimetoka nyumba ya nani. Nilipomwambia ukweli alicheka mpaka akakaa chini sakafuni. Huyo ndiye aliyekuja kuwa mume wangu.

Roma tulifanya kazi nje ya mji, kwenye maghala makubwa yenye baridi. Yeye alichora, mafundi wakajenga, mimi nikachafua. Chumba kinachojengwa kwa ajili ya kupigwa picha sisi tulikiita seti, na seti ina kuta tatu. Wa nne haujengwi, kwa sababu hapo ndipo kamera inaposimama, na sisi nyuma yake, na mtu wa taa, na mwenye chupa ya kahawa. Picha zikiisha kupigwa, seti inavunjwa kabla ya chakula cha mchana. Mbao zinapangwa, lori linaitwa, na kesho yake pale palipokuwa na chumba cha kulala cha mjane panajengwa ofisi ya polisi. Hakuna anayelia. Mgeni akionyesha huzuni, tulimcheka.

Mume wangu alikuwa na desturi yake, na ilikuwa ikiwaudhi wenye kamera. Alikuwa wa mwisho kuingia kwenye seti. Sote tulisimama nje tukimtazama. Alikuwa akizunguka, akiketi kitandani, akifungua hata droo ambazo kamera haitaziona, kisha akisogeza kitu kimoja tu. Kikombe, ndara, kitabu, chochote. Hapo alirudi nyuma hatua chache, akafumba jicho moja, akasema, “Sasa hapa anaishi mtu.” Bila maneno hayo hakuna aliyeruhusiwa kuwasha taa. Nyumbani pia alikuwa hivyo hivyo. Nikishaandaa meza, yeye anaisogeza chumvi. Nilikuwa nikimwambia, “Hapa si seti, bwana, chumvi yangu iache.” Anaiacha, halafu nikigeuka anaisogeza.

Binti yetu alikuja Sydney kusomea uuguzi, akapata kazi, akapata mume, akabaki. Kazi za Roma zilipopungua, na baba yake alipoanza kupotea njia ya kwenda dukani, alitushughulikia makaratasi tukaja kuishi naye. Mzee aliishi vizuri kwa muda. Halafu akawasha gesi akaweka taulo juu yake kama sufuria. Binti yetu anafanya kazi zamu, wajukuu wako shule, na mimi sina macho kisogoni. Akapelekwa nyumba ya wazee, umbali wa kutembea kutoka stesheni. Binti alitia saini, mimi nilibeba begi. Niseme ukweli, sikulia. Nilikuwa nikingojea kulia kama watu wa hapa wanavyongojea treni Jumapili, halafu wanaambiwa njia inatengenezwa, wapande basi. Nilipanda basi. Nilikula, nililala, nilifua, na ndani yangu hakukuwa na kitu kilichosogea.

Kiingereza kilimtoka mzee kwanza, nacho hakikuwa kingi. Akabaki na Kitaliano na kile Kiswahili chake cha Malindi, cha kuagizia samaki na kuelekezea mafundi. Bahati ikawa kwamba mmoja wa wahudumu ni mtu mzima wa Goma, kule Kongo, baba wa watoto wanne, aliyewahi kufanya kazi ghalani kabla ya kuja kuwaogesha wazee. Yeye na mume wangu wakaanza kuelewana, kila mmoja na Kiswahili chake kibovu, wakinicheka mimi kwamba changu kina madaha. Nilifurahi kwamba ana mtu. Yaani nilijua kwamba hilo ni jambo la kufurahiwa.

Tatizo lilikuwa jioni. Kila nilipotaka kuondoka, mzee alivaa koti, akasimama mlangoni, akasema, “Haya, twende nyumbani.” Akasema kwa upole, kama tuliokuja kumtembelea mtu na sasa muda umefika. Nikimwambia kwamba hapa ndipo anapokaa, alitazama kile chumba cheupe, akatazama uso wangu, akangoja nimalize mzaha. Ilibidi yule mhudumu amwite kwa kisingizio cha kumshikia kitu ndipo mimi nitoke. Kisha akaanza kutoka mwenyewe. Alitoka nyuma ya mtu aliyeleta maua, akapatikana barabarani. Meneja, mama mmoja mpole mwenye sauti ya kubembeleza, akatuita mimi na binti yangu ofisini. Akitoka tena, alisema, watalazimika kumhamishia upande wa kufungiwa. Tuliuona upande huo. Mlango unafunguliwa kwa namba, bustani ina ukuta, na wengine mle walikuwa wakipiga kelele mchana kutwa. Mume wangu alikuwa bado anajua kukunja shati lake. Sikutaka aende kule. Hilo nililijua wazi hata kwa ganzi niliyokuwa nayo, na ndilo jambo pekee nililolijua wazi.

“Mum, she says bring familiar things,” binti yangu alinieleza tukiwa kwenye gari, kana kwamba sikuwa mle ofisini. “Vitu anavyovijua. A blanket, some photos. So the room feels like home.”

Walimaanisha blanketi na picha. Mimi nikasikia nimepewa kazi.

Nilichukua gereji. Binti yangu alirudi kutoka zamu akakuta gari lake halina nafasi na sakafu imejaa mbao. “Where am I supposed to park?” aliuliza. Nikamwambia barabara ya serikali ni pana. Nilinunua plaiwudi nyembamba, nikaiundia fremu na miguu ya kuishikilia kwa nyuma, kwa sababu meneja alisema hakuna kupiga misumari wala kupaka rangi kuta zao. Nikapanda treni hadi Cabramatta, mtaa mwingine wa Sydney, kutafuta vitambaa. Maduka ya kule yana kila kitu, na wenyewe hawakuulizi unataka kushona nini. Mama muuzaji alinionyesha hariri, nikamwambia nataka pamba, pamba ya bei rahisi kabisa, nyeupe. Alinihurumia. Nyumbani nikaichemsha kwenye chai, nikaianika kwenye kamba nyuma ya nyumba, nikaisugua na jiwe pale ambapo mkono wa mtu hushika akivuta pazia.

Chumba nilichokuwa nikikijenga ni kile cha nyumba yetu ya Roma, ambacho tulikitumia kulala, kula, na yeye kuchorea. Kuta zake zilikuwa za ile rangi ya ugali wa unga wa njano. Juu ya dirisha kulikuwa na doa la maji ambalo alibishana na mwenye nyumba miaka yote tuliyokaa pale. Nyuma ya mlango kulikuwa na ufa. Kulikuwa na msumari usio na picha, na chini yake alama ya mraba iliyo safi kuliko ukuta wote, kwa sababu picha ilikuwepo zamani, kabla yetu. Vyote nilivitengeneza. Doa la maji nililirudia mara kadhaa mpaka likakaa sawa. Mikono yangu ilikumbuka kila kitu bila kuniuliza. Nilikuwa nikisimama na brashi, nikitazama nyumba yangu ikitokea kwenye ubao, na nikingojea kusikia uchungu au furaha, na nilichosikia ni mgongo tu.

Tulikipamba chumba asubuhi mzee alipopelekwa kuoga na kusikiliza muziki ukumbini. Mhudumu wa Goma alinisaidia kusimamisha zile mbao na kuzibana kwa vibano. Nilitundika mapazia, nikatandika kitanda, nikaweka meza ndogo, kalamu zake, kikombe chake kilichomeguka mpini. Meneja alipita akaziba mdomo kwa mkono. Binti yangu alikuja na nguo zake za kazi, akasimama korido akalia, na kwa mara ya kwanza baada ya muda mrefu akaniongelesha kwa Kiswahili kitupu. “Mama, ni kule kule,” alisema. “Ni kwetu.”

Nikaenda kusimama mlangoni, kama nilivyosimama mbele ya kila kazi, nikafumba jicho moja. Hakukuwa na cha kurekebisha. Naweza kusema bila aibu kwamba ni ukuta bora niliowahi kuupaka.

Mzee akaletwa. Alisimama mlangoni akatulia. Kisha akaingia, taratibu, akapitisha kiganja ukutani. Akaunusa. Akaugonga kwa kifundo cha kidole, na ukajibu kama ubao unavyojibu. Akafungua droo ya meza, akaifunga. Niliijua ile njia anayopita, nilikuwa nimemtazama akiipita nusu ya maisha yangu. Akaketi kitandani. Na alipoketi, aligeuza uso, akatazama upande alikoingilia.

Hapo nikaona anachokiona. Upande ule kulikuwa na runinga juu ya ukuta mweupe, chupa ya dawa ya kunawia mikono, kitufe chekundu cha kuitia msaada, na mlango mpana wa kupitisha kitanda cha magurudumu. Mbele ya hayo yote tulikuwa tumesimama sisi, tumejipanga, meneja, mhudumu, binti yangu ameinua simu anapiga picha, na mimi katikati. Nilikuwa nimejenga kuta tatu. Huo wa nne haukunipitia akilini, si gerejini, si Cabramatta, si usiku kitandani. Mkono wangu haujui kujenga upande huo. Mtu mwingine yeyote, hata fundi wa kupaka rangi vyoo, angeanza na ukuta ambao mgonjwa anautazama akilala.

Mume wangu alitutazama sote. Kisha akanitazama mimi, akanisemesha kwa Kitaliano cha heshima, kile cha kumsemesha mfanyakazi usiyemjua vizuri.

“Ukuta mzuri sana, mama. Ni kazi yako?”

“Ndiyo,” nikajibu.

“Hongera. Lile doa la maji ni la kweli kabisa.” Akafunga vifungo vya koti. “Tunaanza kupiga picha lini? Nimechoka kidogo. Ningependa tumalize niende nyumbani.”

Binti yangu, ambaye Kitaliano anakielewa, alishusha simu. Mhudumu hakuelewa, akapiga makofi.

Kesho yake, nikiwa namenya viazi, simu ikalia. Alikuwa yule mhudumu wa Goma.

“Mama, kuya mbio. Muzee iko nabomoa nyumba yenu.”

“Anabomoa vipi?”

“Anafungula vibano na kijiko. Mimi naye tumepanga mbao zote ku corridor. Anasema kazi imeisha, niite camion, ile lori. Mama, mi nilizania ni muzuri, sababu leo hana makelele. Ile siku yote iko anaimba.”

Nilitembea, sikukimbia. Kufika, mbao zilikuwa koridoni zimepangwa mbili mbili, uso kwa uso, rangi ndani na miguu nje, zisichubuane, jinsi inavyotakiwa. Mapazia yalikuwa yamekunjwa. Chumba kilikuwa cheupe tena. Na mume wangu hakuwemo. Alikuwa amevaa koti, akawashukuru wazee waliokuwa ukumbini kwa kazi nzuri, akatoka na wageni wa saa nane mlango ulipofunguliwa. Kazi ilikuwa imekwisha, na kazi ikiisha mtu huenda kwake. Polisi walimpata stesheni ya Toongabbie, ameketi jukwaani, viganja vimejaa vumbi, anangoja treni.

Meneja hakuinua sauti. Alisema hana la kufanya, na ni kweli hakuwa nalo. Yule mhudumu alikuja kuniomba msamaha, macho yamemwiva. Nikamwambia asiniombe kitu, amemsaidia mtu kazi yake. Kwenye gari binti yangu aliniambia, “It's not your fault, Mum,” akarudia, na akarudia tena, mpaka nikamwomba atazame barabara. Nilikuwa na hasira, lakini hasira yenyewe ilikuwa mbali, kama redio ya jirani. Nilimhamisha mume wangu upande wa kufungiwa kwa ubora wa kazi yangu. Mtu huwezi kulia kwa jambo la namna hiyo. Huna hata pa kuanzia.

Mbao tuliziweka nje kando ya barabara siku manispaa inapokusanya vitu visivyotakiwa. Mvua ilinyesha juu yake. Asubuhi niliona mwanamume mmoja amesimamisha gari, anazigeuza moja moja, akachagua ile yenye doa la maji akaenda nayo. Sijui aliipeleka wapi. Binti yangu akapata pa kuegesha gari.

Siku chache za kwanza hawakutaka niende, ili azoee. Waliponiruhusu, nilikwenda mikono mitupu. Mhudumu wa Goma, ambaye hufanya zamu pande zote mbili, alinifungulia mlango wa namba, akanitazama mikono.

“Leo hauletake kintu, mama?”

“Sina kitu,” nikamwambia.

Chumba chake kipya kina kitanda, kabati, dirisha lisilofunguka zaidi ya upana wa kiganja, na kiti cha plastiki. Kuta nne, zote nyeupe. Niliketi kwenye kile kiti, karibu na mlango, mahali nilipozoea kuketi tangu kule upande mwingine, na sasa hivi ndipo naona kwamba huko kote nilikuwa nikiketi upande wa kamera. Mzee alikuwa juu ya kitanda na koti lake, vifungo vyote. Alinitazama muda mrefu. Mimi nilikuwa nimeshaandaa jibu. Nilingoja aseme twende nyumbani, nimjibu, anyamaze, niende zangu nikapike.

Hakusema. Alishuka kitandani, akaja akanishika mabega, akanisimamisha. Akakichukua kiti akakipeleka dirishani. Akanirudia, akanishika mkono, akaniketisha. Akanigeuza kidevu kidogo kwa kidole kimoja, nuru inipate. Kisha akarudi nyuma hadi mgongo ukagusa ukuta, akafumba jicho moja.

“Sasa hapa anaishi mtu,” alisema.

Akavua koti, akalitundika kabatini. Akajilaza na viatu vyake, uso ameuelekeza kwangu, na baada ya muda mfupi akawa amelala. Kama alinijua mimi ni nani, sijui. Nikalia, na nikashangaa kwamba kilio hicho kilikuwepo muda wote huo. Machozi yalinitoka na sikuinua mkono kuyafuta. Jua la dirishani lilikuwa likinipiga machoni. Sikukisogeza kiti.